Yakini, Shaka na Sanduku la Kura

Mtu aliyeshindwa kwa kura tatu katika uchaguzi wa baraza la kijiji chake, naye anaitakidi moyoni kwamba kura zake kumi zimewekwa katika fungu la mshindani wake, anadai kitu gani hasa anapoomba kura zihesabiwe upya? Yeye atasema kwamba anadai kweli, na kwamba kweli ikiwa imo ndani ya sanduku, na sanduku liko palepale limefungwa kwa lakiri, basi lifunguliwe watu waone. Sheria haimkatalii kwamba kweli ni kitu chenye thamani. Walakini humwuliza maswali ambayo aghalabu humwudhi: una sababu gani ya kusema hayo, uliyaona kwa macho au uliyasikia kwa watu, uliyasema palepale au umeyakumbuka baada ya kushindwa, na kama sanduku likifunguliwa pasipo sababu, siri ya majirani zako waliopiga kura italindwa na nani? Katika mabishano haya, yaonekanayo madogo kwa kuwa ni ya kijiji, limo swali kubwa ambalo wanavyuoni wa dini na mahakimu wa dunia wamelishughulikia kwa karne nyingi: je, kila shaka ina haki ya kujibiwa, au iko shaka ambayo mtu mwadilifu hana budi kukaa nayo?

Mahali ambapo swali hili limeulizwa mara nyingi kuliko pengine popote ulimwenguni ni India, nchi yenye mabaraza ya vijiji takriban 250,000, ambayo watu wake huyaita panchayati. Mabaraza hayo ni ya kale, lakini heshima ya kikatiba yaliipata kwa sahihisho la 73 la Katiba, lililopitishwa mwaka 1992 na kuanza kutumika tarehe 24 Aprili 1993, ambalo liliamuru kwamba kila baraza lichaguliwe kwa muda wa miaka mitano, kwamba viti visivyopungua theluthi moja viwekwe kwa ajili ya wanawake, na kwamba kila jimbo liwe na tume yake ya kusimamia chaguzi hizo. Sahihisho hilohilo liliweka kizuizi ambacho ndicho chanzo cha mazungumzo yetu: hakuna mahakama itakayouingilia uchaguzi wa panchayati isipokuwa kwa njia ya shauri maalumu la kuupinga, litakalofunguliwa mbele ya mamlaka iliyotajwa na sheria ya jimbo. Aliyetaka kulalamika alipewa mlango mmoja, akaambiwa apite hapo au akae nje.

Ili tuufahamu uzito wa jambo hili, yafaa tusogee karibu na meza ya kuhesabia. Katika uchaguzi wa karatasi kwa mtindo wa India, mpiga kura hupewa karatasi yenye majina na alama za wagombea, akapewa na muhuri mdogo wa mpira wenye alama ya mishale iliyopishana, akaugonga juu ya alama ya mtu amtakaye, kisha akaikunja karatasi na kuitumbukiza sandukuni. Ikiwa wino haujakauka, mkunjo ule huichapa alama ileile upande wa pili wa karatasi, juu ya mgombea mwingine, nayo huonekana imegeuka, kushoto kwake kumekuwa kulia, na wino wake umefifia. Mwenye kuhesabu aliyefundishwa vema huitazama alama iliyokoza na iliyofifia, akajua ipi ni ya mkono wa mpiga kura na ipi ni ya mkunjo. Lakini mwenye kuhesabu aliyechoka, katika saa za mwisho za kazi iliyoanza alfajiri, huweza kuona alama mbili na kusema kwamba kura imeharibika. Iko pia karatasi ambayo muhuri wake umeangukia juu ya mstari utenganishao wagombea wawili, nusu huku na nusu kule, na mawakala wa pande mbili huinama juu yake kila mmoja akiapa kwamba sehemu iliyo kubwa ni ya kwake. Hapo hapana mwizi wala mhaini, bali ni binadamu na macho yake. Na katika kijiji ambamo ushindi huweza kupatikana kwa kura moja, karatasi tatu za namna hiyo ndizo zitakazoamua ni nani atakayeshika fedha za kisima na za barabara kwa miaka mitano. Wala si vijijini tu: mwaka 2008, katika jimbo la uchaguzi la Nathdwara huko Rajasthan, mwanasiasa mashuhuri C. P. Joshi alikosa kiti cha baraza la kutunga sheria kwa kupata kura 62,215 dhidi ya kura 62,216 za mshindani wake.

Kwa sababu makosa ya meza hutokea mezani, sheria imetaka yasahihishwe kwanza hapohapo mezani. Kanuni za India za mwaka 1961 zinazohusu chaguzi za bunge na za mabaraza ya majimbo, ambazo mwendo wake umefuatwa na kanuni nyingi za chaguzi za vijiji, zinasema kwamba baada ya hesabu kukamilika na jumla kutangazwa, mgombea au wakala wake huweza kumwomba msimamizi, kwa maandishi na kwa kutaja sababu, azihesabu kura tena, zote au baadhi yake. Msimamizi naye ana hiari ya kukubali au kukataa, ila akikataa kwa kuwa ombi ni la upuuzi au halina msingi, hana budi kuziandika sababu zake. Na fomu ya matokeo ikishatiwa saini, ombi la namna hiyo halisikilizwi tena. Kenya nayo katika kanuni zake za uchaguzi za mwaka 2012 imempa mgombea au wakala aliyepo haki ya kutaka kura zihakikiwe na kuhesabiwa upya katika kituo, ikaongeza sharti kwamba zisirudiwe kuhesabiwa zaidi ya mara mbili. Waswahili husema asiyekuwapo na lake halipo, na methali hiyo katika jambo hili ina nguvu ya sheria, kwa kuwa wakala aliyeondoka mapema, au aliyesinzia, au aliyeona jambo akanyamaza kwa haya, amempotezea mgombea wake saa ambayo haitarudi.

Saa hiyo ikipita, mlango unaobaki ni wa shauri, nao ni mwembamba. Katika jimbo la Uttar Pradesh, kwa mfano, sheria ya panchayati ya mwaka 1947 na kanuni za chini yake humpa mlalamikaji siku 90 baada ya kutangazwa kwa matokeo, na katika hati yake haitoshi aseme kwamba hesabu haikuwa ya haki, bali ni lazima aeleze mambo yenyewe yaliyotokea. Msingi wa haya uliwekwa na Mahakama ya Juu ya India mwaka 1964, katika shauri la Ram Sewak Yadav lililotokana na uchaguzi wa bunge wa mwaka 1962, nao una nguzo mbili: kwanza, hati ya madai iwe na maelezo ya kutosha ya mambo ambayo mdai anayategemea, na pili, baraza la hukumu liridhike, kwa kuyatazama yaliyo mbele yake, kwamba kuzikagua karatasi ni jambo la lazima ili haki ikamilike baina ya wenye shauri. Mahakama haikukubali mtu afunguliwe sanduku ili apate kutafuta ndani yake sababu ya kulifungua. Msingi huo ulipanuliwa katika hukumu nyingi zilizofuata, ukatumiwa kwa wabunge na kwa wakuu wa vijiji sawasawa.

Msomaji mwenye huruma atauliza kwa nini sheria iwe ngumu kiasi hiki kwa mwanakijiji. Jibu la kwanza ni siri ya kura, nayo kijijini si jambo la nadharia. Karatasi ya kura kwa mtindo wa India hukatwa kutoka katika kishina, na kishina na karatasi vyote viwili vina namba moja, na juu ya kishina mpiga kura hutia saini au alama ya dole gumba. Basi aliye na vishina na karatasi pamoja huweza, akitaka, kujua ni nani aliyempa nani kura yake. Kijana ambaye baba yake mdogo aligombea, naye akampigia mtu mwingine kwa kuwa aliona anafaa zaidi. Mjane anayelima shamba la mkopeshaji wake, naye akakataa kumchagua mkopeshaji huyo. Hawa waliaminishwa kwamba chaguo lao litabaki kati yao na Mola wao. Ikiwa kila mwenye kushindwa atafunguliwa vifurushi kwa kuwa tu ameshindwa, ahadi hiyo imevunjwa, na katika uchaguzi ujao mjane atampigia mkopeshaji. Jibu la pili ni utulivu: kijiji kina mambo ya kutenda, na uongozi ambao kila asubuhi unaweza kutiliwa shaka bila hoja haupati kuheshimiwa wala kufanya kazi.

Wanavyuoni wa fikihi waliufikia mwendo huu kabla ya sanduku la kura kujulikana. Miongoni mwa kanuni kubwa ambazo sheria ya Kiislamu imejengwa juu yake ni ile isemayo kwamba yakini haiondoshwi kwa shaka, kanuni iliyowekwa katika kifungu cha 4 cha Majalla, mkusanyo wa sheria za dola ya Uthmania uliokamilishwa mwaka 1876, na ambayo kila mtoto wa chuoni katika pwani yetu huijua kwa mfano wa udhu: aliyetawadha akawa na yakini ya udhu wake, kisha ikamjia shaka kwamba labda umetenguka, yeye bado ana udhu mpaka apate hakika. Kanuni nyingine, mwenziwe wa karibu, humtaka mdai alete bayina na humtosheleza mwenye kukana kwa kiapo. Hekima ya kanuni hizi ni kwamba shaka haina mwisho. Mwenye kuitii leo ataitii kesho, na kila atakapojibiwa moja itamzalia ya pili, mpaka ibada yake imharibikie na jirani zake wamkimbie. Kwa hiyo sheria haikuidharau kweli ilipomtaka mtu atoe hoja, bali iliitofautisha shaka itokayo katika mambo yaliyotendeka na shaka itokayo katika uchungu wa kushindwa.

Hata hivyo, kanuni hii ina ukali ambao haupasi kufichwa, na ukali huo ulidhihiri katika shauri la uenyekiti wa panchayati lililotoka Tamil Nadu na kuamuliwa na Mahakama ya Juu mwaka 1989. Baraza la hukumu la chini lilikuwa limeamuru kura zihesabiwe upya, na hesabu mpya ikampa ushindi aliyekuwa ameshindwa. Ungedhani kwamba hapo mabishano yamekwisha. Lakini Mahakama ya Juu ilisema kwamba uhalali wa kuhesabu upya hautafutwi katika matokeo ya hesabu mpya, bali lazima uwepo katika yale ambayo mdai aliyaleta kizingitini, kabla ya amri kutolewa. Kama sababu haikuwapo wakati ule, haiwezi kuzaliwa baadaye kwa kuwa sanduku lilipofunguliwa lilikutwa lina habari njema kwa mdai.

Nafsi ya mtu wa kawaida huikataa hukumu kama hii inapoisikia mara ya kwanza, kwa maana yaonekana kana kwamba mahakama imeiona kweli kwa macho yake kisha ikaipa kisogo. Lakini historia ya Uislamu ina kisa ambacho wanavyuoni wamekisimulia sana, na mafunzo yake ni hayohayo. Khalifa Umar bin Khattab, katika mizunguko yake ya usiku mjini Madina, alisikia sauti ya mtu nyumbani mwake, akashuku, akaukwea ukuta, akamkuta na mvinyo. Alipomkemea, yule mtu alimjibu kwamba ikiwa yeye amemwasi Mungu kwa jambo moja, Khalifa amemwasi kwa matatu, kwa kuwa amepeleleza ilhali kupeleleza kumekatazwa, ameingia nyumba kwa ukuta ilhali nyumba huingiwa kwa milango yake, na ameingia pasipo idhini wala salamu. Umar hakubishana naye, akamwacha. Mvinyo ulikuwapo na macho ya Khalifa hayakumdanganya. Lakini kweli iliyopatikana kwa kuivunja haramu ya nyumba haikuweza kugeuzwa kuwa hukumu, maana kama ingegeuzwa, hapana nyumba katika Madina ambayo ingebaki na ukuta. Hivyo ndivyo inavyoweza kufahamika hukumu ya mwaka 1989: mahakama ilikataa kuihalalisha njia kwa ajili ya kile kilichokutwa mwishoni mwa njia, kwa sababu wangekuja wengine elfu kuipita njia hiyo, na mwisho wao usingekuwa huo.

Lau mambo yangeishia hapo, ningelifunga jambo hili kwa kuisifu sheria. Lakini limetokea shauri jingine ambalo halimwachi mtu mwenye insafu atulie. Tarehe 2 Novemba 2022 watu wa kijiji cha Buana Lakhu, katika wilaya ya Panipat, jimbo la Haryana, walimchagua mkuu wa kijiji chao kwa mashine za kupigia kura. Mgombea mmoja alitangazwa mshindi. Mmoja wa washindani wake akafungua shauri, akilalamikia hasa hesabu ya kituo kimoja, kituo namba 69. Baraza la hukumu la Panipat lilikuja kuamuru, tarehe 22 Aprili 2025, kwamba kura za kituo hicho zihesabiwe upya; Mahakama Kuu ikaitangua amri hiyo tarehe 1 Julai; na mlalamikaji akapanda mpaka Mahakama ya Juu. Mahakama ya Juu ilifanya jambo ambalo si la kila siku: mwishoni mwa Julai iliagiza mashine zote za uchaguzi ule zisafirishwe mpaka Delhi, na tarehe 6 Agosti, mbele ya ofisa wake na mbele ya pande zote mbili, huku kila tendo likipigwa picha za video, kura za vituo vyote zikahesabiwa. Jumla ilikuwa kura 3,767. Mlalamikaji alikuwa na kura 1,051, na aliyekuwa ametangazwa mshindi alikuwa na kura 1,000. Siku tano baadaye mahakama iliamuru mlalamikaji atangazwe kuwa ndiye mkuu wa kijiji aliyechaguliwa, na akabidhiwe ofisi.

Kwa miaka miwili na miezi tisa, basi, kijiji kizima kiliongozwa na mtu ambaye wapiga kura wake hawakumchagua, na kweli ilikuwamo ndani ya mashine muda wote huo, haikubadilika wala haikuoza, ikingojea mtu mwenye mamlaka ya kubonyeza na kusoma. Kura za mashine hazina mkunjo wala wino uliofifia. Hazikuhitaji fundi wa kuzifasiri. Mtu akilitazama jambo hili atamkumbuka Umar huyohuyo kwa upande mwingine wa hekima yake, kwani imepokewa kwamba katika waraka aliomwandikia Abu Musa al-Ashari alipomtawaza ukadhi, alimwusia kwamba hukumu aliyoitoa jana isimzuie leo kuirejea haki akiisha kuiona, kwa kuwa haki ni ya kale, haibatilishwi na kitu, na kuirejea ni bora kuliko kung'ang'ania batili. Mtu mmoja, basi, ameacha mafunzo mawili: usiupande ukuta kuitafuta kweli, na kweli ikikudhihirikia usiipe mgongo.

Je, mafunzo haya yanapingana, na je, hukumu ya mwaka 1989 na amri ya mwaka 2025 haziwezi kukaa nyumba moja? Mimi naona kwamba zaweza, na kwamba kinachoziunganisha ni swali ambalo mahakimu hawaliulizi mara nyingi kama inavyostahili: ushahidi uko mikononi mwa nani? Mteja anayedai kwamba mwenye duka amemwandikia deni la zaidi hawezi kuambiwa kwa haki alete hoja yake kwanza ndipo daftari lifunguliwe, ikiwa daftari ni moja tu, limeandikwa na mwenye duka peke yake, na mteja hajapata kuonyeshwa hata ukurasa mmoja. Lakini kama kila siku alipewa risiti yake, akazitupa, kisha akaja mwisho wa mwaka kulalamika bila hata moja, mwenye duka ana haki ya kukataa kusumbuliwa. Mzigo wa bayina ni wa haki juu ya mabega ya mdai pale tu ambapo sheria ilimwachia njia ya kuipata hiyo bayina. Ikiwa mawakala waliruhusiwa kuingia na kukaa mpaka mwisho, ikiwa walionyeshwa kila karatasi yenye mashaka, ikiwa walipewa nakala ya matokeo ya kituo chao yenye saini, na ikiwa ombi lao lilijibiwa kwa maandishi, basi mtu asiye na hoja baada ya hayo yote hana hoja kwa kuwa haipo. Lakini ikiwa walitolewa nje, au nakala zikanyimwa, au ombi likapokewa kwa mdomo na kukataliwa kwa mdomo, basi kumwambia alete maelezo ya mambo yenyewe ni kumdai kitu ambacho mwenye kumhukumu amekificha.

Wala wazo hili si geni katika sheria tuliyoirithi. Sheria ya Ushahidi ya India ya mwaka 1872, iliyotumika pia katika Afrika Mashariki wakati wa ukoloni na kuwa mama wa sheria za ushahidi za Kenya na za Tanganyika, ilisema katika kifungu cha 101 kwamba anayetaka mahakama imwamulie kwa kutegemea jambo fulani hana budi kulithibitisha jambo hilo. Lakini katika kifungu cha 106 iliongeza kwamba jambo lililo katika ujuzi wa pekee wa mtu fulani, ni juu ya mtu huyo kulithibitisha. Kifungu cha kwanza hutajwa kila siku katika mashauri ya uchaguzi. Cha pili hustahili kutajwa zaidi, maana mwenye kulinda sanduku ndiye mwenye kujua lililotendeka penye sanduku, na haiwi adili awe mlinzi wa kweli na awe pia mfaidi wa kutokujulikana kwake.

Kwetu sisi jambo hili lina maana kubwa. Katika Tanzania Bara, halmashauri ya kijiji, yenye wajumbe wasiopungua 15 wala kuzidi 25 kwa sheria ya mwaka 1982, ndiyo serikali iliyo karibu kabisa na mtu, na ndiyo hugawa ardhi na kusuluhisha magomvi ya mipaka. Uchaguzi wake ukitiwa doa, doa hilo halipo mbali katika mji mkuu, lipo kisimani na shambani, na watu watakutana nalo kila siku. Katika Kenya, ambako mashauri ya wawakilishi wa wadi husikilizwa na mahakimu wakazi, Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilieleza mwaka 2014, katika shauri la ugavana wa Meru baina ya Munya na Kithinji, kwamba ukaguzi na kuhesabu upya vyahitaji sababu za kutosha na vikomee katika vituo ambavyo matokeo yake yanabishaniwa. Na sheria ya uchaguzi ya nchi hiyo imetaka shauri la namna hii limalizike katika miezi sita tangu kufunguliwa. Sharti hili la muda nalihesabu kuwa ni sehemu ya haki yenyewe. Ofisi ya miaka mitano ikirudishwa kwa mwenyewe baada ya miaka karibu mitatu, haki iliyotendeka ni nusu, na nusu ya pili imeliwa na taraghani ya mahakama. Na wanakijiji waliompa mtu kura zao, wakaongozwa na mwingine, hawana pa kwenda kudai siku zao.

Kwa hiyo kila mmoja ana wajibu wake. Msimamizi ajue kwamba siku ya kuhesabu yeye ni mwenye kuwekwa amana, na kwamba kuandika sababu za kukataa ombi si hisani kwa mshindwa bali ni kinga ya jina lake mwenyewe na ya matokeo aliyoyatangaza. Mgombea ajifunze kuweka mawakala wanaojua kusoma fomu na wasioona haya kunena palepale, na aipime nafsi yake kabla ya kushtaki, aulize kama anachokililia ni kura au ni jaha. Hakimu aulinde ukuta wa siri kwa nguvu zake zote, ila kabla ya kumfukuza mdai kwa kukosa hoja atazame kwanza ni nani aliyemkosesha. Na akiona kwamba sababu ipo, afungue upesi, afungue mbele ya wote, na afungue kwa kadiri ya haja tu.

Amebaki mmoja ambaye sheria haimsemeshi sana, naye ndiye dini humsemesha zaidi: yule aliyetangazwa. Sheria humruhusu anyamaze, ajitetee kwa kila kizuizi kilichomo katika vitabu, na aitegemee kanuni ya kwamba yakini haiondoshwi kwa shaka. Lakini kanuni hiyo aliwekewa hakimu asiyeyajua yaliyo ndani ya sanduku. Haikuwekwa iwe maficho ya mtu anayeyajua, au anayekhofu kuyajua. Uongozi wa kijiji ni amana, na amana iliyoshikwa na asiyepewa huitwa ghasbu, hata kama mahakama haikupata njia ya kusema hivyo. Mshindi mwenye yakini ya ushindi wake hapotezi kitu akisimama mwenyewe mbele ya hakimu na kusema kwamba hapingi kura zihesabiwe, na aliye na mashaka ndani ya moyo wake anawiwa na jirani zake tendo hilo zaidi kuliko mwingine yeyote, kwa sababu wao walimpa, au hawakumpa, neno lao, na yeye ndiye atakayewaamuru kwa neno hilo kwa miaka mitano.